Bastola Nzima Ndani ya Kopo la Stasia

Mambo yaliharibika Ijumaa ya tarehe kumi na tatu Juni, mwaka 1958, saa sita na dakika ishirini mchana. Mpaka dakika moja kabla ya hapo kiwanda cha silaha cha Tarbell kilikuwa kinasherehekea kutimiza miaka mia moja na kila kitu kilikwenda sawa. Tarumbeta zilikuwa zinalia, bendera zimetundikwa hata mlangoni mwa choo cha wahunzi, na Bwana Winthrop Tarbell, mjukuu wa mwanzilishi, alikuwa amemaliza hotuba ya saa nzima. Wafanyakazi walisimama juani, yeye kivulini.

Hotuba yenyewe watu wa mji wa Wessick waliijua kama sala. Kwamba mwaka 1858 babu yake, Hosea Tarbell, fundi saa asiye na mbele wala nyuma, alijifungia kwenye banda la ng'ombe majira yote ya baridi, akatoka na rivolva aliyoichonga kwa mkono wake mwenyewe: Bastola Namba Moja. Kwamba kutokana na hiyo zikazaliwa nyingine zote, za wapanda farasi wa Vita vya Wenyewe kwa Wenyewe, za walinzi wa treni, vibastola vya mfukoni walivyouziwa waendesha baiskeli wa kutishia mbwa, bunduki za kuwindia bata, na zile za vita viwili vikubwa. Mikono iliyozichonga hizo nyingine haikutajwa. Huwa haitajwi.

Kisha king'ora kikalia. Watu walikuwa wamepewa nusu siku, wakapanga foleni getini na makopo yao ya chakula. Mlinzi Carmine Lupoli akafungua kopo moja moja, kama geti hilo lilivyofanya tangu mwaka 1919. Kopo la ishirini na kitu lilikuwa la Stasia Wojtkun, msugua bastola, mama wa miaka sitini na miwili. Carmine alinyanyua mkate, akachungulia, akaurudisha, akaunyanyua tena.

Chini ya mkate ilikuwa imelala Bastola Namba Moja.

Omer Gadbois alifika saa saba kasoro kumi, jasho linamchuruzika. Alikuwa mpelelezi pekee wa polisi ya Wessick, mtu wa miaka hamsini na minne, mfupi, mjane. Kabla ya kuvaa beji alifanya kazi miaka kumi na mmoja chumba cha mitutu cha kiwanda hicho hicho, na nusu ya kidole chake kimoja ilibaki humo.

"Umekuja kwa miguu?" Carmine alimuuliza.

"Gari Meya kalichukua kubebea keki."

"Keki?"

"Ya sherehe. Ina umbo la bastola. Haikuenea kwenye gari lake."

Carmine alicheka, halafu akakumbuka kwamba si siku ya kucheka. "Omer, naapa kwa mama yangu, sikutaka kupuliza filimbi. Ningemfunikia. Lakini Mkubwa alikuwa amesimama nyuma yangu, shingoni kabisa."

"Bwana Tarbell? Tangu lini anakuja getini?"

"Leo tu. Alisema anataka kuwaaga wafanyakazi." Carmine alijikuna. "Miaka ishirini na sita niko hapa, mimi hajaniaga hata mara moja."

Gadbois akaliandika hilo daftarini. "Makopo yalikaa wapi asubuhi?"

"Si kwenye rafu yake. Chumba cha makoti kilijazwa viti vya wageni, makopo tukaambiwa tuyapange ujiani, nje ya chumba cha kulia cha wakubwa."

"Mliambiwa na nani?"

"Karatasi ilibandikwa. Karatasi za humu zinatoka juu, Omer. Sisi tunasoma tu. Wiki hii zimekuwa nyingi, kwa sababu Jumatatu wanakuja watu wa Ohio kukinunua kiwanda. Wanakuja na mzee wao mmoja, mtaalamu. Nasikia kazi yake ni kufungua bastola kongwe na kuzinusa."

Gadbois akaandika na hilo, kisha akainua macho. "Wewe na Stasia hamsalimiani."

"Hiyo?" Carmine aliiva uso. "Hiyo ni habari ya harusi! Alisema mchuzi wa nyanya wa mke wangu una sukari. Mtu akisema hivyo ninamnunia. Simfungishi jela."

"Umemnunia muda gani?"

"Miaka sita."

Gadbois alimtazama, akalikata jina lake. Mtu anayeweza kununa miaka sita kwa ajili ya mchuzi hana haja ya hila nyingine.

Stasia alikuwa kwenye kibanda cha mlinzi, ameketi wima na kofia yake ya Jumapili. Mezani palikuwa na kopo lake na bastola. Gadbois hajavuta kiti, mlango ukafunguliwa akaingia Bwana Tarbell, mrefu, suti nyeupe, sauti laini kama mtu anayezungumza hospitalini.

"Hicho ni kielelezo, Gadbois. Kifunge, kigonge lakiri, na mtu asiguse hata skrubu moja mpaka kesi iishe."

"Kesi inaweza kufika Krismasi, Bwana Tarbell."

"Ifike. Hakimu anaondoka saa kumi na moja kwenda ziwani. Kabla ya hapo nataka hati ya kumkamata ina saini, na huyu mama awe ndani. Ufunguo wa kabati la kioo anao yeye. Sioni ugumu uko wapi."

Akatoka. Harufu ya marashi ikabaki, na chini ya marashi harufu nyingine ambayo Gadbois alishindwa kuijua mara moja.

"Kwa hiyo nina saa nne," Stasia alisema.

"Tatu na nusu."

"Nyumba ninayokaa ni ya kampuni. Nikilala jela leo, Jumatatu vitanda vyangu viko barabarani na kuku wangu wako kwenye sufuria ya mtu. Uliza haraka."

"Ufunguo unao wewe peke yako?"

"Mimi mmoja, nasugua kila Alhamisi. Yeye mmoja. Hakukwambia wa kwake? Amesahau, maskini."

"Uliichukua?"

"Ya nini? Nzito kama dhambi, na haipigi."

Gadbois akalivuta kopo, akaanza kutoa kitu kimoja kimoja, kama kanuni inavyotaka. "Mkate. Haradali. Paja la nguruwe."

Stasia akainuka nusu. "Paja la nini?"

"La nguruwe."

"Leo siku gani?"

"Ijumaa."

"Na mimi Mkatoliki nile nyama Ijumaa? We Omer, umelewa? Hata marehemu mume wangu Kazimierz, aliyekuwa anazitukana mpaka kengele za kanisa, hakugusa nyama Ijumaa! Mimi nilifunga pierogi. Kumi na mbili, za unga nilioujaza viazi na jibini, nimezikaanga na vitunguu kwenye siagi, nimezifunga kwa kitambaa changu chekundu." Akalishika kopo, akalitikisa. "Ziko wapi pierogi zangu?"

Hapo ndipo Gadbois alipoijua ile harufu chini ya marashi: vitunguu na siagi. Yeye mwenyewe, mtoto wa Wafaransa wa Kanada, alikuwa amekula yai la kuchemsha mchana huo kwa sababu hiyo hiyo ya Ijumaa. Akaugeuza mkate. Ulikuwa umekatwa kingo zote nne, laini kama sponji.

"Nani hapa Wessick anatupa kingo za mkate?"

Wote wawili walitazama dirishani, ghorofa ya pili, chumba cha kulia cha wakubwa.

"Na nikuulize mimi," Stasia alisema, sauti ameishusha. "Wewe umefanya kazi humu. Mtu wa Wessick anatoaje bastola kiwandani?"

"Hilo siwezi kulisikia. Mimi polisi."

"Basi ziba masikio. Ile ya Kazimierz ilichukua miezi kumi na minne. Springi kwenye soksi. Silinda tuliioka ndani ya mkate. Skrubu kwenye nywele zangu. Mtutu niliupitisha kwenye mwavuli, na siku hiyo hapakuwa na wingu hata moja, nikachekwa mpaka nyumbani. Kipande kimoja, halafu unatulia wiki mbili unaimba kanisani. Kila nyumba ya mtaa wetu ina moja, haina namba, na hajawahi kukamatwa mtu. Sasa mimi, baada ya miaka thelathini na minane, niibebe nzima? Kwenye kopo? Kopo ndilo kitu cha kwanza wanachofungua!"

Gadbois aliondoa mikono masikioni. Bastola yake mwenyewe ilikuwa kabatini nyumbani, ndani ya bati la biskuti. Ilimchukua miaka miwili, kwa sababu alikuwa mwoga.

"Aliyeiweka humu," alisema polepole, "hajawahi kubeba kopo la chakula maisha yake yote."

"Ndiyo nakwambia."

"Lakini kwa nini? Ameiweka ili ionekane. Akaja mwenyewe getini kuhakikisha inaonekana. Mwizi anataka kitu kipotee. Huyu anataka kipatikane." Akaichukua bastola, akaipima mkononi. "Kipatikane, kigongwe lakiri, kikae stoo ya polisi mpaka Krismasi. Jumatatu mtaalamu wa Ohio ataambiwa, pole mzee, iko mahakamani. Stasia, hiyo pini yako ya nywele ina ncha?"

"Kwani unataka kufanya nini?"

"Sheria inataka nihakikishe haina risasi," alisema, akiielekeza pini kwenye skrubu ya mpini.

"Risasi haziwekwi kwenye mpini, Omer."

"Mimi mtu wa mitutu. Nasahau."

Skrubu ilizunguka bila ubishi. Vibao viwili vya mpini vikatoka, na chuma cha ndani kikaonekana. Sasa, mafundi wa Tarbell walikuwa na desturi yao. Jina linaloonekana nje ya bastola ni la tajiri. Basi kila fundi, kabla ya kufunga kibao, alikwangua alama yake pale ndani ambapo tajiri hachungulii: mmoja nyota, mmoja jani, mmoja herufi ya mchumba. Bastola hii ilikuwa na samaki, mifupa mitupu, mbavu tatu.

Stasia alijiziba mdomo, kicheko kikapita pembeni. "Samaki wa Fergus Quill!"

"Mzee Quill alianza kazi lini?"

"Tisini na sita. Alikuwa anatutangazia kila siku. Alianza akiwa na miaka kumi na sita."

"Na hii ilichongwa mwaka 1858," Gadbois alisema. "Kaa hapa. Mwambie Carmine akupe kahawa."

"Hatusalimiani."

"Basi mwambie akupe bila salamu."

Fergus Quill alikuwa barazani kwake kando ya mto, anamenya njegere. Alimwona Gadbois kwa mbali akapaza sauti:

"Umekuja kunikamata? Umechelewa, magoti yalishanikamata!"

Gadbois alipanda ngazi za baraza. Alifungua daftari, akamwonyesha samaki aliyemchora. Uso wa mzee ukafunguka kama mlango wa baa Jumamosi.

"Heee! Imechukua miaka ishirini na saba mtu kukigeuza kile kibao! Nilianza kufikiri nitakufa kabla hawajanisoma."

"Nisimulie, mzee. Haraka. Stasia Wojtkun anaingia jela saa kumi na moja."

Njegere ziliwekwa chini. "Mwaka 1931. Kiwanda tunafanya kazi siku mbili kwa wiki, bunduki hazinunuliwi, watu wanakula maganda ya viazi. Tajiri, baba yake huyu wa sasa, ananiita jioni. Namba Moja iko mezani. Ananiambia, Quill, nitengenezee ndugu yake, mikwaruzo kwa mikwaruzo, na ufunge mdomo. Ile ya mezani ikaenda kwa mtu mwenye pesa zake, Philadelphia. Yangu ikaingia kabatini, ikapigiwa tarumbeta. Leo umeisikia hotuba? Mimi nimeisikia hotuba yangu mara ishirini na saba!"

"Walikulipa?"

"Walinilipa kwa kutonifukuza. Lo, wale watu wana roho nzuri."

"Na huyu Winthrop alijua?"

"Alikuwepo! Ndiye aliyenishikia taa. Aliishika vibaya, mkono unamtetemeka, ndiyo maana ubavu wa tatu wa samaki umepinda. Angalia tena."

Gadbois akaangalia. Umepinda.

Alikuwa tayari yuko kwenye ngazi aliposikia mzee anamwita: "We Omer! Subiri, hujaniuliza lililo zuri zaidi!"

"Baadaye, mzee!"

"Chini ya kibao cha ile ya zamani..."

"Baadaye!"

Saa kumi na dakika thelathini na tano Gadbois alisimama mbele ya meza ya Bwana Tarbell. Dirisha la ofisi lilitazama paa la chumba cha kutilia vyuma rangi ya buluu, ambako marehemu mke wa Gadbois, Delphine, alifanya kazi akivuta moshi wa dawa miaka tisa. Alipokufa kampuni ilileta maua kanisani, yameandikwa jina la mtu mwingine. Gadbois aliligeuzia dirisha mgongo, akatoa karatasi.

"Nimekuletea malalamiko yako, bwana. Yakishapata saini nayakimbiza kwa hakimu."

"Hatimaye." Bwana Tarbell akafungua kalamu.

"Nikusomee, maana ni kiapo. 'Mimi, Winthrop Tarbell, naapa kwamba kitu kilichoibwa ni rivolva iliyochongwa kwa mkono wa Hosea Tarbell mwaka 1858.'"

"Ndiyo, ndiyo."

"Na hapa chini. 'Ninakubali kwamba mahakama itakifungua kitu hicho na kukithibitisha.' Hilo ni la kawaida tu. Tumepata bahati, Jumatatu kuna mtaalamu anakuja mjini kutoka Ohio. Hakimu atamwazima asubuhi moja."

Kalamu ilikuwa imefika karatasini. Ikasimama hapo, wino ukaanza kutuna.

"Nilisema isiguswe," Bwana Tarbell alisema.

"Ulisema. Saini hapo kwenye mstari."

"Nahitaji kuzungumza na wakili."

"Zungumza naye. Mimi nitachora kidogo wakati nasubiri." Gadbois akachukua penseli, na pembeni mwa malalamiko akachora samaki. Mifupa mitupu. Mbavu tatu, wa tatu umepinda. "Mzee Quill anakusalimu. Anasema siku ile taa uliishika vibaya."

Nje tarumbeta za mwisho zilikuwa zinafungwa kwenye masanduku. Gadbois alivuta hewa kwa pua, mara moja, mara mbili, akainama kwenye kapu la taka pembeni mwa meza. Akanyanyua kitambaa chekundu kimelowa siagi.

"Zilikuwa kumi na mbili," alisema. "Zimebaki ngapi?"

"Sijui unazungumzia nini."

"Bwana Tarbell. Una kitunguu kwenye tai."

Mkubwa akatazama tai yake. Ilikuwa tai ya hariri, na kitunguu kilikuwa kidogo, kimeiva vizuri, rangi ya dhahabu. Mabega yake yakashuka.

"Hazikubaki," alisema, kwa sauti ambayo Gadbois hakuwahi kuisikia kwake. "Nilitaka kuzitupa. Nikaonja moja tu." Akakitoa kile kitunguu kwenye tai. "Huwa anazikaanga kila Ijumaa?"

"Kila Ijumaa. Sasa chana hiyo karatasi, uandike nyingine. Andika kwamba bastola ulimpa wewe mwenyewe aende nayo nyumbani kuisugua kwa ajili ya wageni, ukasahau kumwambia mlinzi. Na kwamba unamwomba radhi."

"Radhi pia?"

"Kwa herufi kubwa. Macho ya Carmine ni mabovu."

Angeweza kumshitaki kwa kulidanganya jeshi la polisi. Sheria ipo, imeandikwa vizuri. Lakini hakimu na Bwana Tarbell wanavulia samaki kwenye mtumbwi mmoja, na Gadbois alikuwa ameishi Wessick muda wa kutosha kujua mtumbwi huo hauzami. Alichukua karatasi, akaukausha wino kwa pumzi, akashuka ngazi mbili mbili.

Carmine aliisoma kwa sauti getini, mara mbili, mara ya pili kwa madaha ya padre. Stasia alisikiliza huku kopo lake liko kifuani.

"Kwa hiyo kuku wangu wanalala kwao."

"Wanalala kwao."

"Na pierogi?"

"Hizo ameziweka mahali ambapo polisi hawawezi kuzifuata."

Stasia alicheka mpaka kofia ya Jumapili ikamteleza. Carmine akaidaka, akamrudishia. "Samahani ya filimbi," alinong'ona. Yalikuwa maneno ya kwanza kati yao kwa miaka sita.

"Mchuzi bado una sukari," Stasia alimjibu, lakini akampa mkono.

Walikuwa bado wamesimama hapo waliposikia fimbo inagonga lami. Mzee Quill alikuwa anapanda barabara peke yake, mwekundu, pumzi juu, maganda ya njegere yamemnasa kwenye fulana.

"Nilikwambia subiri!" alimfokea Gadbois. "Polisi mna haraka ya nini? Nilikuwa sijamaliza!"

"Haya maliza, mzee. Kaa kwanza."

"Siketi. Ile ya zamani, ile ya Philadelphia. Ili niiige ilibidi niifungue, si ndiyo? Nikageuza kibao. Unajua nilikuta nini? Nanga."

"Nanga ya nani?" Carmine aliuliza.

"Elihu Bascom. Fundi aliyenifundisha kushika tupa. Nanga ilikuwa alama yake, nimeiona mara elfu. Nikamwendea, alikuwa mgonjwa kitandani, nikamwambia, mwalimu, nimeiona nanga yako ndani ya Namba Moja. Alicheka mpaka akakohoa. Akafa Jumapili yake, hajanijibu. Mimi ni mmoja wa waliobeba jeneza, na mwaka wa kuzaliwa ulikuwa umeandikwa juu yake. Mwaka 1861."

Carmine alianza kuhesabu kwa vidole, akafika mahali akasimama, akaanza upya. Gadbois hakuhitaji vidole. Alikuwa anatazama juu ya geti, kwenye herufi za shaba ambazo Stasia alizisugua kila mwaka: Tarbell, tangu 1858.

"Kwa hiyo ile waliyomuuzia mtu wa Philadelphia nayo..."

"Nayo nakala," Quill alisema.

"Na Bascom? Aliiga ipi?"

Mzee alifungua mikono yake miwili, mitupu.

Stasia alikuwa amekwisha kufunga kopo. Akalifungua tena, akachungulia ndani kana kwamba jibu lingekuwa limebaki huko pamoja na haradali, kisha akawageukia wote watatu.

"Basi pale kwenye banda la ng'ombe," alisema, "majira yote ya baridi, Hosea alikuwa anafanya nini?"